Jaji Aliyejua Mwisho wa Kiti Chake

Anayesimama ufukweni Matema asubuhi, kabla upepo haujaamka ziwani, huiona Safu ya Milima ya Livingstone ikishuka hadi kwenye maji. Ng'ambo ya milima hiyo, ukilifuata ziwa kuelekea kusini, ni wilaya ya Ludewa, na huko ndiko kijiji cha Milo alikozaliwa Mchungaji Christopher Mtikila mwaka 1950. Sisi wa Kyela tunamhesabu kuwa jirani. Ziwa letu ni moja, na habari za kesi zake tulizisikiliza redioni kama watu wanaosikiliza habari za nyumbani.

Lakini makala hii haimhusu Mtikila peke yake. Inamhusu zaidi mtu aliyeketi mbele yake mahakamani, akamwambia hapana: Augustino Ramadhani, mwanasheria, mwanajeshi, Jaji Mkuu wa Tanzania, na mwishoni padre. Tumeona vema kuandika habari zake katika kitabu hiki cha imani kwa sababu maisha yake yanatuuliza swali ambalo wazee wa kanisa, akina mama viongozi wa vikundi na wazazi nyumbani hukutana nalo kila wiki: Je, mtu aliyepewa mamlaka ya kuamua afanye nini anapofika mwisho wa mamlaka yake? Na afanye nini uamuzi wake ukija kuonekana na wengine kuwa haukuwa sawa?

Ramadhani alizaliwa Zanzibar mwezi Desemba mwaka 1945, katika familia ya Kianglikana. Jina lake liliwashangaza wengi, maana walidhani ni Mwislamu. Yeye alikuwa Mkristo katika visiwa ambako Wakristo ni wachache, na jambo hilo peke yake lilikuwa shule. Alisomea sheria Dar es Salaam akahitimu mwaka 1970, kisha akaingia Jeshi la Wananchi, ambako alipanda hadi cheo cha Brigedia Jenerali. Katika miaka ya 1980 alikuwa Jaji Mkuu wa Zanzibar. Watu wengi wa visiwani walioletwa mbele yake walikuwa wa imani nyingine, na wote walistahili haki ileile. Mwaka 1989 akawa Jaji wa Mahakama ya Rufani ya Tanzania. Aliwahi pia kuwa Makamu Mwenyekiti wa Tume ya Taifa ya Uchaguzi, na jaji wa Mahakama ya Afrika Mashariki. Mwaka 2007 aliteuliwa kuwa Jaji Mkuu wa Tanzania, akatumikia hadi alipostaafu mwishoni mwa mwaka 2010. Pamoja na hayo yote alikuwa mpiga kinanda kanisani. Mtu ambaye juma zima watu walisimama alipoingia mahakamani, Jumapili alikaa pembeni akiwasaidia wengine kuimba.

Sasa turudi kwa jirani yetu wa Milo.

Mfumo wa vyama vingi uliporudi nchini mwaka 1992, Mtikila aliongoza chama cha Democratic Party. Chama hicho hakikupata usajili kwa miaka mingi, maana msimamo wake haukuutambua Muungano na Zanzibar kama sheria ilivyotaka. Kwa hiyo Mchungaji akajikuta nje ya mlango. Katiba ilisema mtu hawezi kugombea urais, ubunge wala udiwani pasipo kupendekezwa na chama cha siasa. Mwaka 1993 alikwenda Mahakama Kuu akauliza: Je, raia asiye na chama hana haki ya kuomba kura za wenzake?

Tarehe 24 Oktoba 1994, Jaji Kahwa Lugakingira alitoa hukumu iliyompa Mtikila haki katika jambo hilo. Katika hukumu hiyohiyo alisema si halali kumlazimisha raia aombe kibali cha polisi ili afanye mkutano wa hadhara au maandamano. Lakini mwishoni mwa mwaka huohuo Bunge lilibadilisha Katiba, na mlango wa mgombea binafsi ukafungwa tena kwa kufuli jipya.

Mtikila hakukaa kimya. Tusimpambe kupita kiasi: maneno yake mara nyingi yalikuwa makali, mengine yaliwaumiza watu, na aliwahi kufungwa kwa ajili ya maneno. Lakini katika shauri hili alikuwa kama yule mjane wa Luka sura ya 18, ambaye hakuchoka kugonga kwa hakimu. Mwaka 2005 alifungua shauri upya. Mwezi Mei mwaka 2006 Mahakama Kuu, safari hii ikiwa na majaji watatu, ilimpa tena haki. Serikali ikakata rufaa, na rufaa hiyo ndiyo iliyofika mbele ya Jaji Mkuu Ramadhani.

Hebu tuwaone hawa wawili. Mmoja ni mchungaji kutoka milima ya Ludewa ambaye kwa miaka mingi aliupinga Muungano na Zanzibar. Mwingine ni Mzanzibari, Mkristo, mtu wa kinanda na sala, ambaye maisha yake yote ya kazi aliyatumia ndani ya Muungano huo. Wote wawili walisoma Biblia moja. Shauri lilikuwa zito kiasi kwamba majaji saba waliketi pamoja kulisikiliza.

Tarehe 17 Juni 2010, miezi michache kabla ya uchaguzi mkuu, Mahakama ya Rufani ilitoa uamuzi wake. Ilisema mahakama haina mamlaka ya kutangaza kwamba ibara ya Katiba yenyewe ni batili kwa kupingana na ibara nyingine. Ikasema suala la mgombea binafsi ni la kisiasa, na mahali pake ni Bungeni. Rufaa ya Serikali ikakubaliwa. Mtikila, baada ya miaka 17 ya kugonga, akarudi nyumbani mikono mitupu.

Watu wengi walihuzunika, na wengine walikasirika. Walisema mahakama imewakimbia wananchi. Hata kwenye vibanda vya chai hapa Kyela mjini maneno yalikuwa hayohayo: wakubwa wamewalinda wakubwa. Nasi hatuandiki ili kuitetea hukumu hiyo. Wanasheria wameijadili na wataendelea kuijadili. Tunachotaka msomaji akione ni jambo dogo ambalo wengi hawakulisoma. Baada ya kusema suala lile si lao, majaji wale hawakunyanyuka wakaondoka tu. Walimpa Mwanasheria Mkuu na Bunge neno la ushauri, wakiwaelekeza kwenye maelezo ya Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 1996, yanayosema haki ya kugombea isifungwe kwa kumlazimisha mtu awe mwanachama wa chama. Kwa maneno mengine, walimwambia mjane kwamba ufunguo hawana wao, kisha wakawageukia wenye ufunguo na kuwaambia wausikilize mlango unavyogongwa.

Biblia ina hadithi ya namna hiyo katika kitabu cha Hesabu sura ya 27. Binti watano wa Selofehadi walisimama mbele ya Musa. Baba yao amekufa, hana mtoto wa kiume, na kwa desturi jina lake na fungu lake la ardhi vingepotea. Musa alikuwa mwamuzi mkuu wa Israeli. Angeweza kuwafukuza kwa kusema desturi ni desturi. Angeweza pia kutoa jibu la haraka ili aonekane mwenye hekima mbele ya mkutano. Hakufanya hilo wala lile. Alilipeleka shauri lao kwa Bwana, na Bwana akasema mabinti wale wamesema haki.

Sisi tuliokulia Unyakyusa tunaielewa hadithi hiyo haraka. Kabla wamisionari wa Moravian na wa Berlin hawajafika mwaka 1891, malafyale na wazee wa vijiji waliketi kusikiliza mashauri ya ng'ombe, ndoa na mashamba. Wamisionari nao walipojenga vituo vyao, watu waliwapelekea mashauri, wakajikuta wamekuwa waamuzi kabla hawajaijua vizuri hata lugha. Kanisa letu, tunaweza kusema, lilizaliwa likiwa limekalia kiti cha hukumu. Na kiti hicho ni kitamu. Mtu akizoea kuamua, huona vigumu kusema: hili si langu.

Lakini kusema hivyo kuna hatari ya pili, na lazima tuwe wakweli. Pilato naye alisema shauri si lake, akanawa mikono. Tofauti ya Musa na Pilato ni ipi, ikiwa wote wawili hawakutaka kuamua kwa akili yao wenyewe? Musa alilibeba shauri la wale mabinti hadi mahali palipokuwa na jibu, akarudi nalo. Pilato aliliacha lipotee mikononi mwa umati. Basi kwa Jaji Ramadhani nasi tuulize: Je, alilibeba, au alinawa mikono? Jibu halimo katika hukumu ya mwaka 2010 peke yake. Limo pia katika yaliyofuata.

Mwaka huohuo wa 2010 Ramadhani alichaguliwa kuwa jaji wa Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Arusha. Mwaka uliofuata Mtikila akapeleka shauri lake Arusha. Chama cha Wanasheria Tanganyika na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu nao wakapeleka lao kuhusu jambo lilelile. Hapo ikatokea hali ya ajabu: mlalamikaji amekata tamaa na hukumu ya nyumbani, amesafiri hadi mahakama ya bara zima, na huko anamkuta miongoni mwa majaji mtu yuleyule aliyeongoza kumnyima.

Ramadhani hakuketi katika shauri hilo. Alijiondoa, kama kanuni za Mahakama hiyo zinavyotaka kwa jaji ambaye nchi yake imeshtakiwa. Mtu anaweza kusema si ajabu, alifuata kanuni tu. Ni kweli. Lakini haki nyingi za maskini hukaa ndani ya kanuni ndogo kama hiyo: kwamba aliyekwisha kusema neno lake atoke chumbani ili wengine waseme lao.

Tarehe 14 Juni 2013 Mahakama ya Afrika ilitoa hukumu. Ilisema Tanzania imevunja Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu kwa kumkataza raia asiye na chama kugombea, na kwamba nchi ichukue hatua kurekebisha Katiba na sheria zake. Ndiyo hukumu ya kwanza ya Mahakama hiyo kukuta kwamba nchi imevunja haki. Mchungaji wa kutoka Milo aliandika jina lake katika historia ya sheria ya Afrika nzima. Na wenzake Ramadhani, watu aliokula nao na kufanya nao kazi, walikuwa wamefikia uamuzi tofauti na ule alioutangaza nyumbani.

Je, aliondoka kwa hasira? Aliendelea kuhudumu katika Mahakama hiyo, na mwezi Septemba mwaka 2014 wenzake wakamchagua kuwa Rais wake. Lakini kuna jambo jingine lililotugusa zaidi. Mwaka 2012 Rais Jakaya Kikwete aliunda Tume ya Mabadiliko ya Katiba. Mwenyekiti wake alikuwa Jaji Joseph Warioba, ambaye naye alikuwa mwanasheria aliyepata kuwa Waziri Mkuu na baadaye jaji wa kimataifa. Makamu wake alikuwa Augustino Ramadhani. Tume hiyo ilizunguka mikoa yote ikikusanya maoni ya wananchi, ikatoa rasimu ya kwanza mwezi Juni mwaka 2013 na ya pili mwezi Desemba mwaka huohuo. Ndani ya rasimu hizo mgombea huru aliruhusiwa.

Hatusemi kwamba aliandika ibara hiyo kwa mkono wake. Tume ilikuwa na wajumbe wengi na maoni yalikuwa ya wananchi. Tunasema hivi tu: mwaka 2010, akiwa katika kiti cha jaji, alisema kiti hicho hakiwezi kuubadilisha mlango huo. Miaka mitatu baadaye, akiwa katika kiti kilichopewa kazi ya kupendekeza Katiba, alikuwa mmoja wa viongozi wa kazi iliyopendekeza mlango ufunguliwe. Shauri la mjane halikupotea mikononi mwake.

Laiti tungeweza kumaliza kwa kusema mlango ulifunguka. Bunge Maalum la Katiba liliibadilisha sana rasimu ile, likapitisha Katiba Inayopendekezwa tarehe 2 Oktoba 2014. Kura ya maoni ilipangwa kufanyika tarehe 30 Aprili 2015, ikaahirishwa, na haikufanyika. Mchungaji Mtikila alifariki katika ajali ya gari mkoani Pwani tarehe 4 Oktoba 2015, wiki tatu kabla ya uchaguzi mkuu, hajamwona mgombea binafsi hata mmoja. Mwaka huohuo Ramadhani naye aliomba kuteuliwa na Chama cha Mapinduzi kugombea urais, akipitia mlango wa chama kama sheria inavyotaka, na hakuteuliwa. Wapo waliouliza kama kinyang'anyiro hicho kilimfaa mtu wa mahakama. Baada ya kustaafu ujaji mkuu alikuwa amepewa upadre katika Kanisa Anglikana, na alifariki tarehe 28 Aprili 2020.

Kwa nini tunawasimulia haya ndugu zetu wa usharikani? Kwa sababu nasi tuna kosa la kuungama.

Miaka kadhaa iliyopita mafuriko ya masika yalifunika mashamba ya mpunga karibu na mto, na maji yalipoondoka, miti ya mpaka ilikuwa imekwenda nayo. Mama mmoja mjane na shemeji yake wakagombana juu ya mahali mpaka ulipokuwa. Wakaleta shauri kwa baraza la wazee wa kanisa. Shemeji huyo alikuwa mzee mwenzetu, mtoaji mzuri wa sadaka. Tulimwacha aendelee kuketi nasi chumbani tulipokuwa tukiamua. Hatukwenda shambani. Hatukuwauliza majirani. Tuliamua kwa saa moja, tukafunga kwa sala, na yule mama akatoka kimya.

Hakuridhika. Alikwenda kwenye vyombo vya sheria vya ardhi, akapanda na kushuka kwa muda mrefu akiuza kakao yake ili apate nauli, na mwisho akapewa haki. Nasi tukafanyaje? Tulinyamaza. Tulimsalimu Jumapili kama kwamba hakuna kilichotokea. Tuliogopa kwamba wazee wakikiri kosa, watu hawatawaheshimu tena. Yule mama aliendelea kuja ibadani, ila alihama kutoka kiti cha mbele hadi kiti cha nyuma karibu na mlango.

Tulipokuwa tukisoma habari za Jaji Ramadhani katika kipindi cha mafundisho ya wazee, mmoja wetu alisema polepole: "Yule alitoka chumbani. Sisi tulimwacha wetu aketi." Hakuna aliyejibu. Ilichukua Jumapili tatu zaidi kabla mwenyekiti wa wazee hajasimama baada ya matangazo, akamwita yule mama kwa heshima, na kusema mbele ya wote kwamba baraza lilikosea na linaomba radhi. Shemeji yake naye alisimama. Mama alilia, kisha akasema amesamehe, ingawa nauli yake hakuna aliyemrudishia siku ile. Jambo hilo la nauli baraza lililifikiria baadaye, na likalipa.

Tangu hapo tumejiwekea taratibu tatu, nazo ni nyepesi kuzishika. Mzee mwenye undugu au mali katika shauri anatoka nje. Shauri lisilo letu tunasema mapema si letu, na mmoja wetu anamsindikiza mwenye shida hadi panapohusika, hatumwachi aende peke yake. Na uamuzi wetu ukionekana una kosa, tunakiri palepale tulipoutangazia, mbele ya watu walewale.

Augustino Ramadhani hakuwa mtakatifu asiyekosea, na kuhusu siku ile ya Juni 2010 wako watakaosema hadi mwisho kwamba alikosea. Lakini katika habari zake tumejifunza kwamba heshima ya mwamuzi haivunjiki anapokubali kwamba kiti chake kina mwisho. Musa alikuwa mkubwa kuliko majaji wote, na bado kwa ajili ya mabinti watano wasio na baba alikiri hana jibu, akaenda kuliuliza. Yule mama wa mpunga sasa ameketi tena kiti cha mbele.